Maisha ya Monsinyori Emmanuel Kataliko (1932–2000)

Haifai tufanye jubilei pasipo kuwataja waliotutangulia. Nyuma ya uhuru wa mwaka 1960, walimu wengi wa shule za misioni waliacha chaki wakaingia katika siasa ya provensi. Hatuwalaumu, maana inchi ilihitaji watu wenye kujua kusoma. Lakini hapa tunasimulia maisha ya mwalimu wa namna nyingine. Hakuomba kura wala cheo cha serikali, walakini wenye silaha walimwogopa. Ndiye Monsinyori Emmanuel Kataliko.

Alizaliwa mwaka 1932 huko Lukole, kati ya Wanande wa Kivu ya Kaskazini. Alisoma Roma, akapewa upadri mwaka 1958. Mwaka 1966 Papa Paulo VI alimchagua kuwa Askofu wa Beni, mahali pa Monsinyori Henri Piérard, mmisionari wa shirika la Asompsio. Hakuwa ametimiza miaka 35, naye alikuwa mtoto wa kwanza wa inchi hii kukalia kiti hicho. Mwaka 1967 jimbo lilipewa jina la Butembo-Beni.

Alituongoza kwa muda wa miaka thelathini. Katika miaka ile serikali ya Mobutu ilizidi kudhoofika, barabara zikaoza, na mishahara ya walimu ikawa maneno matupu. Baba Askofu hakungoja msaada wa Kinshasa. Aliwakusanya waamini na wafanyabiashara wa Butembo, kila mmoja kwa nguvu yake. Barabara zikatengenezwa, shule na nyumba za wagonjwa zikajengwa. Mwaka 1989 Chuo Kikuu cha Kikatolika cha Graben kilizaliwa Butembo, ili vijana wetu wapate masomo ya juu karibu na wazazi wao. Hivyo alitufundisha kwamba sala na jembe ni ndugu.

Kisha vita vikaja. Tarehe 29 Oktoba 1996, Monsinyori Christophe Munzihirwa, Askofu Mkuu wa Bukavu, aliuawa mjini mwake. Nani angekubali kuketi katika kiti chenye damu? Tarehe 3 Machi 1997 Papa Yohane Paulo II alimwita Kataliko, naye akaacha nyumba aliyoijenga, akaenda.

Tangu mwaka 1998 Bukavu ilitawaliwa na kundi la RCD lililosaidiwa na Rwanda. Katika barua yake ya Noeli ya mwaka 1999, Askofu Mkuu alisema waziwazi kwamba wageni, pamoja na ndugu zetu wengine, walikuwa wakinyang'anya mali ya inchi na kuwakandamiza watu. Aliwaomba waamini wasimame imara bila kuchukua silaha. Tarehe 12 Februari 2000 watawala walimkataza kukaa Bukavu, wakamhamishia Butembo.

Hapa yatupasa kukiri jambo moja. Sisi wa Butembo tulifurahi kumwona tena kati yetu. Wale waliomfukuza labda walidhani kwamba, akiwa kwao, angesahau. Lakini mchungaji aliyetengwa na kundi lake ni mfungwa, hata akilala nyumbani kwa mama yake. Furaha yetu ilikuwa kilio cha Bukavu. Angeweza kubaki hapa kwa heshima na amani. Yeye alingoja miezi saba mlango ufunguliwe.

Tarehe 14 Septemba 2000, sikukuu ya Kutukuka kwa Msalaba, alirudi Bukavu, na watu wengi sana walimpokea. Siku ishirini nyuma yake, tarehe 4 Oktoba, moyo wake ulisimama karibu na Roma, alipokuwa amekwenda kwa mkutano wa maaskofu wa Afrika. Mwili wake ulirudishwa kwa kundi lake la Bukavu.

Ndugu, tangu Oktoba 2014 damu ya watu wa Beni imemwagika tena na tena, na wengi wetu tumezika jamaa zetu. Tusiulize tu ni nani atakayetutawala. Tujiulize kama tungali tunatengeneza barabara pamoja, kama tungali tunasema kweli bila chuki. Baba Kataliko alitupa masomo hayo mawili. Mungu amjalie pumziko la milele, nasi atupe moyo wa kuyashika.