Maisha ya Mchungaji Martin Niemöller, Aliyejifunza Kuungama



Siku ya Ijumaa Kuu tulihubiri hapa Mandewa habari za mateso ya Bwana. Katika kuhubiri tuliwataja Wayahudi mara nyingi, tukasema ya kuwa wao ndio waliomwua, tukaendelea mbele pasipo kufikiri. Ibada ilipokwisha, mzee mmoja wa usharika alitufuata mpaka mlangoni. Akatuuliza kwa upole kama Bwana mwenyewe hakuwa Myahudi, na mama yake, na mitume wake wote. Tena akauliza kama askari waliopigilia misumari hawakuwa Warumi. Hatukuwa na jibu. Tulirudi nyumbani na swali lile moyoni, nalo ndilo lililotusukuma kuandika habari za mchungaji huyu. Kwa maana yeye naye alihubiri hivyo, akakawia sana kuyajua matokeo yake.

Martin Niemöller alizaliwa tarehe 14 Januari 1892 katika mji wa Lippstadt, Ujerumani. Baba yake alikuwa mchungaji wa Kilutheri, naye mtoto alilelewa katika sala na nyimbo za Kanisa. Lakini pamoja na mema hayo alipokea na jambo jingine, lililokuwa kama hewa ya nchi ile: kumdharau Myahudi. Hakuna aliyemfundisha darasani. Alilisikia mezani na njiani, kama watoto wetu wanavyosikia majina mabaya tunayowaita watu wa kabila lingine, wakadhani kwamba ndivyo dunia ilivyo.

Alipokuwa kijana aliingia katika jeshi la majini, na katika vita kuu ya 1914 hata 1918 akawa ofisa wa manowari ziendazo chini ya maji, mwisho akakabidhiwa manowari moja aiongoze. Vita ilipokwisha, Ujerumani ikiwa imeshindwa, alitoka jeshini mwenye uchungu mwingi. Mwaka wa 1919 alimwoa Else Bremer, ambaye Mungu aliwajalia kupata naye watoto saba. Akajaribu kazi ya shamba, kisha akaitika wito wa baba yake: akasoma elimu ya Mungu katika mji wa Münster, akabarikiwa kuwa mchungaji mwaka wa 1924. Hata mwaka wa 1931 akaitwa kutumika Dahlem, katika mji mkuu wa Berlin.

Sasa, wasomaji, tusimfiche mtu huyu. Niemöller alikipigia kura chama cha Adolf Hitler. Alidhani kwamba mtu yule ataiinua nchi na kulilinda Kanisa. Hitler aliposhika utawala mnamo Januari 1933, mchungaji wetu alifurahi pamoja na wengi.

Furaha ile haikudumu. Mwaka uleule walitokea wakristo waliotaka Kanisa lifuate sheria za serikali mpya, hata wachungaji waliozaliwa katika ukoo wa Kiyahudi waondolewe katika kazi, ingawa walibatizwa na kuwekewa mikono kama wenzao. Hapo Niemöller alikataa. Mnamo Septemba 1933 aliwakusanya wachungaji katika umoja wa kusaidiana, na maelfu wakajiunga naye. Alisema ya kuwa ubatizo hauulizi damu. Mwezi wa Mei 1934 watu wa imani hii walikutana Barmen, wakaungama ya kwamba Kanisa lina Bwana mmoja tu, ndiye Yesu Kristo, wala hakuna mtawala awezaye kukaa mahali pake.

Hilo lilikuwa neno la ushujaa. Lakini tutazame vema ni nani aliyetetewa. Aliyetetewa ni Myahudi aliyebatizwa. Myahudi aliyesali katika sinagogi, ambaye duka lake lilisusiwa na watoto wake wakafukuzwa shuleni, hakutetewa. Tena hata kwa wale waliobatizwa, Niemöller aliandika mnamo Novemba 1933 ya kuwa ingefaa wachungaji wa ukoo huo wajizuie wasishike vyeo vikubwa, ili watu wasichukizwe. Na mwaka wa 1935, Jumapili ya kumi baada ya Utatu, siku ambayo Walutheri wa zamani walikumbuka kuangamizwa kwa Yerusalemu, alihubiri ya kwamba Wayahudi wamechukua laana kwa ajili ya kumsulibisha Kristo. Aliwaonya wasikilizaji wake wasiwachukie watu wale; lakini mtu aliyekwisha kuambiwa kwamba jirani yake amelaaniwa, ataona kazi gani kumwacha mikononi mwa wauaji?

Wala hakulianza yeye neno hilo. Dr. Martin Luther mwenyewe, katika uzee wake, mwaka wa 1543, aliandika kitabu kikali juu ya Wayahudi, akashauri masinagogi yao yachomwe moto. Sisi tunaobeba jina lake ni lazima tujue jambo hili, ingawa linatuumiza. Usiku wa tarehe 9 Novemba 1938 masinagogi mengi ya Ujerumani yaliteketezwa kweli, na makanisa mengi yalinyamaza.

Wakati ule Niemöller alikuwa kifungoni. Alikamatwa tarehe 1 Julai 1937 kwa sababu ya mahubiri yake dhidi ya serikali. Mwezi wa Machi 1938 hakimu alimhukumu kifungo cha miezi saba, nayo ilikuwa imekwisha kupita, akapaswa kwenda zake nyumbani. Lakini polisi wa siri walimkamata tena, kwa kuwa Hitler mwenyewe alitaka afungwe. Akapelekwa kambi ya Sachsenhausen, na mwaka wa 1941 kambi ya Dachau. Hata huko kifungoni, vita ya pili ilipoanza mwaka wa 1939, aliomba kurudi jeshini kuipigania nchi yake. Twalitaja hili ili msomaji asidhani ya kuwa kifungo peke yake humgeuza mtu. Aliachiliwa vita ilipokoma mwaka wa 1945. Binti yake mmoja alikuwa amekufa kwa ugonjwa, na mwana mmoja ameuawa vitani.

Katika vita ile Wajerumani na wasaidizi wao waliwaua Wayahudi wapatao milioni sita: wanaume, wanawake, wazee na watoto wachanga. Wengi katika wauaji walikuwa wamebatizwa.

Baada ya kufunguliwa kwake, Niemöller alirudi Dachau pamoja na mkewe kumwonyesha mahali alipofungwa. Wakafika penye tanuru zilizochomea maiti, wakaona kibao kilichowataja watu waliochomwa pale tangu 1933 hata 1945. Aliyaona maneno yale, na mwaka ule wa kwanza ukamchoma moyo. Tangu 1937 alikuwa na udhuru mbele za Mungu, maana alikuwa mfungwa. Lakini je, miaka minne iliyotangulia? Tangu 1933 alikuwa mtu huru, mwenye mimbari katika mji mkuu, mwenye sauti iliyosikiwa nchi nzima. Ndipo alipotambua ya kwamba Mungu hatamwuliza habari za miaka ya kifungo. Atamwuliza habari za miaka ya uhuru.

Tangu siku hiyo alikuwa mtu wa kuungama. Mwezi wa Oktoba 1945 wakuu wa Kanisa la Ujerumani walikutana Stuttgart na wageni kutoka makanisa ya nchi nyingine, wakaungama makosa yao kwa maandishi, naye Niemöller alikuwa mmoja wao. Lakini ungamo lile halikuwataja Wayahudi hata mara moja. Yeye alikwenda mbele zaidi. Alizunguka mji hata mji, akasimama mbele ya Wajerumani wenye njaa na nyumba zilizobomoka, akawaambia ya kuwa wana hatia, naye pamoja nao. Wengi walikasirika. Mwezi wa Januari 1946, katika mji wa Erlangen, wanafunzi walimfanyia kelele kanisani. Walitaka kusikia habari za mateso yao wenyewe.

Tena si kila mtu wa nje aliyempokea. Alipokwenda Marekani, tangu mwisho wa 1946, Eleanor Roosevelt, mjane wa rais, pamoja na baadhi ya wakuu wa Wayahudi, walisema wazi ya kuwa mtu aliyekawia hivyo hafai kushangiliwa. Huu nao ni ukweli. Anayeungama hawezi kumlazimisha aliyekosewa amkumbatie. Anatoa neno lake, kisha anangoja.

Mwaka wa 1947 alichaguliwa kuliongoza Kanisa la Hesse na Nassau, akalitumikia miaka mingi. Mwaka wa 1950 sinodi ya Kanisa la Ujerumani, iliyokutana Weissensee, ilisema hatimaye neno lililokosekana Stuttgart: ya kwamba ahadi ya Mungu kwa Israeli haijaondolewa, na ya kwamba wakristo kwa kunyamaza kwao wameshiriki hatia ya mauaji. Miaka mitano ilikuwa imepita. Mwaka wa 1961 Niemöller akawa mmoja wa marais wa Baraza la Makanisa la Ulimwengu, na mwaka huohuo mkewe alikufa katika ajali ya gari, yeye mwenyewe akiwa dereva. Mwaka wa 1963, alipoulizwa maswali katika televisheni, alikiri wazi chuki aliyolelewa nayo juu ya Wayahudi. Hakuwa na haja ya kujipamba tena. Akafa tarehe 6 Machi 1984 katika mji wa Wiesbaden, mwenye umri wa miaka 92.

Hapa habari inatufikia sisi nyumbani. Injili ililetwa Iramba na wamisionari wa Leipzig kabla ya vita ya 1914, watu wa taifa lilelile, na baadaye wakaja Waamerika wa Augustana. Walituletea mema yasiyo na hesabu. Lakini mpanda mbegu huweza kuchukua na magugu ndani ya mfuko asijue. Mwaka wa 1983 wajumbe wa Shirikisho la Walutheri Ulimwenguni walikutana na Wayahudi huko Stockholm, wakatamka ya kuwa hawawezi kuyakubali maneno makali ya Luther juu ya Wayahudi. Na rais wa Shirikisho lile wakati huo alikuwa nani? Ni Askofu Josiah Kibira wa Bukoba, mwana wa nchi yetu, aliyeshika kazi hiyo tangu 1977 hata 1984. Mkutano Mkuu wa Budapest ulipokea taarifa hiyo mwaka wa 1984, mwaka uleule aliokufa Niemöller. Basi mtu asiseme kwamba ni mambo ya Ulaya. Yalitamkwa wakati Mwafrika alipokaa penye kiti cha mbele.

Tena hatuwezi kuwanyoshea kidole Wajerumani peke yao. Mwaka wa 1994, katika Rwanda jirani yetu, watu walikimbilia makanisani wakauawa humo humo, na wauaji wengi walikuwa wakristo. Kabla ya panga yalitangulia maneno. Waliitwa mende kwanza, kisha wakauawa kama mende.

Basi, ndugu wainjilisti na walimu, tunawaomba mambo matatu, nasi tunajiomba kwanza. Mhubiripo Ijumaa Kuu, waambieni watu ya kuwa ni dhambi zetu zilizompeleka Bwana msalabani, wala msitupe mzigo huo juu ya taifa moja. Mwafundishapo watoto Warumi sura ya kumi na moja, waonyesheni ya kuwa sisi ni matawi ya mzeituni wa porini tuliopandikizwa, wala tawi halina haki ya kujisifu juu ya shina linalolichukua. Na msikiapo jirani akiitwa kwa jina la dharau, penye kisima, au mnadani, au uani pa kanisa, akiwa Mmang'ati, au Mnyaturu, au mtu wa dini nyingine, semeni neno siku hiyohiyo, mkiwa bado mko huru kusema.

Jumapili iliyofuata Pasaka tulisimama mbele ya usharika wa Mandewa tukasema ya kuwa tulikosea katika mahubiri ya Ijumaa Kuu, tukaeleza kosa lenyewe. Yule mzee alikuwa amekaa mahali pake pa siku zote, karibu na dirisha. Hakusema kitu. Ibada ilipokwisha alitupa mkono, akaenda zake.

Mungu na atupe sisi sote moyo wa kuungama mapema. Amina.