Simon Kimbangu: Alihubiri miezi mitano, akafungwa miaka 30

Hebu fikiria jambo hili. Unahubiri kwa miezi mitano tu. Huna jeshi, huna chama, huna hata gazeti la kukutangaza. Halafu unafungwa miaka 30 na kufia gerezani. Hayo ndiyo yaliyompata Simon Kimbangu wa Congo, na kisa chote kilianza na sauti aliyosema ni ya Mungu.

Kimbangu alizaliwa mwaka wa 1887 katika kijiji cha Nkamba, nchi ya Wakongo, magharibi mwa Jamhuri ya Kidemokrasia ya Congo ya leo. Wafuasi wake husema kwamba kwa Kikongo jina lake lina maana ya mtu anayefunua yaliyofichika. Ukiyajua yaliyofuata, utaona jina lilimfaa.

Alifunzwa dini na wamishonari Wabaptisti kutoka Uingereza. Mwaka wa 1915 yeye na mkewe, Marie Muilu, walibatizwa. Walijaliwa wavulana watatu. Kwa ufupi, alikuwa mtu wa kawaida tu, wa shamba lake, familia yake na kanisa lake.

Mwaka wa 1918 homa ya mafua iliua watu wengi duniani, na Congo haikuponyoka. Ni wakati huo Kimbangu alipoanza kusikia sauti ikimwita awachunge watu wa Kristo. Unadhani alikimbilia jukwaani? La. Alikataa. Alijitetea kwamba hakusoma vya kutosha, na kwamba wachungaji na walimu waliomzidi elimu walikuwepo. Sauti ilipozidi, akatorokea Kinshasa, wakati ule ukiitwa Léopoldville, kusaka kibarua.

Kama unasoma Biblia, umeshamkumbuka Yona. Kama ilivyokuwa kwa Yona, kutoroka hakukumsaidia. Mambo ya mjini hayakumwendea vizuri, akarudi kijijini.

Tarehe 6 Aprili 1921, inasimuliwa kwamba aliingia katika nyumba ya mwanamke mgonjwa aitwaye Nkiantondo, akamwekea mikono na kuomba, naye akapona. Habari ikaenea kama moto wa nyika. Ndani ya wiki chache njia za kwenda Nkamba zilijaa watu: wagonjwa kwenye machela, akina mama na watoto, vibarua walioacha mashamba ya Wazungu. Hospitali za misheni zikaanza kukosa wagonjwa. Nkamba kikaanza kuitwa Yerusalemu Mpya.

Sasa, alifundisha nini? Hapa ndipo wengi hushangaa. Aliwaambia watu wachome hirizi zao, waache ulevi na ngoma, na mume awe na mke mmoja. Hayo ni mambo ambayo wamishonari walikuwa wameyahubiri kwa miaka mingi bila kufua dafu. Yeye aliyafanikisha kwa miezi michache.

Basi ugomvi ulitoka wapi kama mafundisho yalifanana?

Ulitoka kwenye swali moja: Mungu anaweza kusema na nani? Kanisa Katoliki hufundisha kwamba ufunuo kwa watu wote ulikamilika wakati wa mitume wa Yesu. Maono ya baadaye ni ya faragha, na ni kanisa linaloyapima. Waprotestanti wengi huweka Biblia kuwa kipimo cha kila sauti. Waislamu nao huamini kwamba wahyi ulikoma kwa Mtume Muhammad; baada yake ndoto njema zipo, ila hakuna utume mpya. Wakongo wa kale walijua kwamba wazee waliokufa husema na walio hai kupitia ndoto. Kwa hiyo kwa mtu wa Nkamba, habari kwamba mbingu imesema na mwanakijiji haikuwa kioja.

Isitoshe, Wakongo walikuwa wameyaona haya zamani. Mwaka wa 1706, katika ufalme wa Kongo, msichana aitwaye Kimpa Vita alichomwa moto kwa kudai kwamba Mtakatifu Antonio alisema kupitia kwake.

Serikali ya Ubelgiji haikujali sana mjadala wa dini. Iliona Mwafrika mmoja anayeweza kukusanya maelfu bila ruhusa ya mtu yeyote. Mei 1921 afisa mtawala, Léon Morel, alifika Nkamba kujionea, akaondoka na wasiwasi. Juni alirudi na askari kumkamata. Kimbangu akawaponyoka, akawa anahubiri akijificha kijiji hadi kijiji.

Angeweza kuendelea kujificha. Lakini Septemba 12, 1921 alirudi Nkamba mwenyewe na kuwaacha askari wamkamate, huku akiwataka wafuasi wake wasilipize kisasi. Zingatia hapo, kijana. Yule aliyetoroka sauti mwaka wa 1918 sasa hakutoroka pingu.

Kesi ilisikizwa na mahakama ya kijeshi huko Thysville, mji unaoitwa leo Mbanza-Ngungu. Hakuwa na wakili. Tarehe 3 Oktoba alihukumiwa viboko 120 na kisha kifo, kwa kosa la kuhatarisha usalama wa dola. Baadhi ya wamishonari Wabaptisti waliomba ahurumiwe, na Mfalme Albert wa Kwanza akageuza hukumu ya kifo kuwa kifungo cha maisha.

Alipelekwa Elisabethville, yaani Lubumbashi ya leo, zaidi ya kilomita 1,500 kutoka kwao. Huko mitaani watu huongea Kiswahili, si Kikongo. Alifungwa humo hadi alipokufa, Oktoba 12, 1951. Aliingia akiwa na umri wa miaka 34, akatoka akiwa maiti.

Maelfu ya wafuasi wake walihamishwa kwa nguvu hadi pembe za mbali za Congo. Serikali ilidhani inazima moto, kumbe ilikuwa inapeperusha cheche. Kila walikopelekwa, walianza kuomba na kuimba. Marie Muilu aliongoza kwa siri, na mwana wa mwisho, Joseph Diangienda, akalipanga kanisa. Desemba 1959 serikali ililitambua rasmi. Mwaka wa 1969 likakubaliwa katika Baraza la Makanisa Ulimwenguni. Leo lina mamilioni ya waumini, na tangu 2023 Aprili 6 ni sikukuu ya taifa nchini Congo.

Hadithi haikuishia kwa vigelegele pekee. Baadaye kanisa lake lilianza kufundisha kwamba Kimbangu ni Roho Mtakatifu aliyejifanya mtu, na hapo makanisa mengi yakajitenga nalo. Unaona? Swali lile lile la mwaka wa 1921 lingali linaulizwa, ila sasa linaulizwa kuhusu waumini wake.

Hapa kwetu pia si geni. Wakorino unaowaona na vilemba vyeupe walianza miaka ya 1920 kwa ndoto na maono, nao walisumbuliwa na mkoloni.

Huenda wewe huamini kwamba Kimbangu alisikia sauti ya Mungu. Ni haki yako. Lakini siku utakapokutana na mtu anayedai kutumwa kutoka juu, mlinganishe na mzee huyu. Yeye alianza kwa kukataa kazi. Aliwaambia watu waache maovu yao. Na gharama ilipokuja, aliilipa mwenyewe, siku baada ya siku, kwa miaka 30. Mtume anayetaka gharama ilipwe na wewe, huyo mpime mara mbili.