Hayati Mzee Rashidi Mfaume Kawawa: Mwigizaji Aliyejua Kushuka Jukwaani

Katika toleo hili la kumbukumbu tunapenda kumkumbuka jirani yetu mkubwa, hayati Mzee Rashidi Mfaume Kawawa. Wengi tulimjua kwa jina la Simba wa Vita. Wachache wanakumbuka kwamba, kabla ya siasa, watu wa Tanganyika walimfahamu kwanza kwa sura yake katika sinema.

Alizaliwa Songea mwaka 1926, akasoma Tabora. Nafasi ya kwenda Makerere aliiacha ili afanye kazi na kuwasaidia wadogo zake wasome. Mwaka 1951 aliingia katika kazi ya maendeleo ya jamii, wakati serikali ilipokuwa ikipeleka magari ya sinema vijijini ili kuwaelimisha wananchi. Kawawa alichaguliwa kuigiza katika filamu hizo, na baadaye akawa mwigizaji mkuu wa Muhogo Mchungu, miongoni mwa filamu za mwanzo za Kiswahili nchini. Hivyo akazoea kusimama mbele ya umati na kusema nao kwa lugha wanayoielewa.

Mwaka 1955 akawa Katibu Mkuu wa Shirikisho la Wafanyakazi la Tanganyika, kisha akawa kiongozi wa TANU.

Tarehe 22 Januari 1962 Mwalimu Nyerere alijiuzulu Uwaziri Mkuu ili akakiimarishe chama, naye Kawawa akashika nafasi hiyo. Tarehe 9 Desemba mwaka huo nchi ikawa Jamhuri. Mwalimu akaingia Ikulu ya Magogoni akiwa Rais, na Kawawa akawa Makamu wake, bila manung'uniko.

Sisi tuliolelewa kwa hadithi za Ramayana tunamfahamu Bharata, aliyeviweka viatu vya Rama juu ya kiti cha enzi, akatawala kwa niaba yake mpaka mwenyewe aliporejea. Mzee Kawawa alikuwa Mwislamu, lakini adabu hiyo tuliiona kwake.

Zama zile hazikuwa nyepesi kwetu. Mwaka 1971 familia kadhaa za mitaa yetu zilipoteza majengo yao yalipotaifishwa. Machungu hayo hayatuzuii kutambua utumishi wa kweli.

Alifariki tarehe 31 Desemba 2009, akazikwa Madale. Kwa vijana wetu wanaoigiza Ramlila, na kwa wazee wanaoshika uongozi wa hekalu, anatuachia somo moja: cheo ni dhamana, na anayekirudisha kwa moyo safi hapungukiwi heshima.