D.O. Misiani: Gwiji wa benga aliyeacha mafumbo katika santuri

DANIEL Owino Misiani alizaliwa mwaka wa 1940 katika eneo la Shirati, kaskazini mwa Tanzania, karibu na Ziwa Victoria. Wazazi wake, waliokuwa wacha Mungu, hawakupendezwa na gita lake, lakini hawakufaulu kumtenganisha nalo.

Katika miaka ya 1960 alivuka mpaka na kuingia Kenya, ambako bendi yake ilikuja kuvuma kwa jina Shirati Jazz. Jina hilo halikumaanisha muziki wa New Orleans. Enzi hizo bendi nyingi za dansi Afrika Mashariki zilijiita jazz.

Muziki wenyewe ulikuwa benga: gita la solo likijibizana na mwimbaji, na besi ikirukaruka chini yao. Kwa kuwa alitunga kwa Kidholuo, maneno yake yalieleweka vyema Homa Bay na pia mjini Rongo, kwenye barabara kuu itokayo Kisii kuelekea Migori na mpaka wa Tanzania.

Misiani alikuwa fundi wa mafumbo. Alitumia Biblia, historia na visa vya wanyama kuwakosoa wenye mamlaka. Kwa sababu hiyo alikamatwa zaidi ya mara moja na kutishiwa kurudishwa Tanzania.

Alifariki katika ajali ya barabarani mjini Kisumu mnamo Mei 17, 2006.

Nyimbo zake za miaka ya 1970 zilitoka katika santuri ndogo, wimbo mmoja ukigawanywa pande mbili. Baadaye zilinakiliwa kwenye kaseti, na kila nakala ikaongeza uvumi wake. Kisha ukaja mfumo wa MP3, ambao hupunguza ukubwa wa faili kwa kutupa sehemu ya sauti. Faili ikibanwa kupita kiasi, nyuzi hupoteza ukali na maneno humezwa.

Mnamo 2010, kampuni ya Sterns ilitoa mkusanyiko wa nyimbo hizo uitwao The King of History. Nakala za CD, au za mfumo wa FLAC usiotupa chochote, huhifadhi sauti jinsi ilivyochukuliwa. Hata hivyo, haziwezi kurejesha kilichokwisha kufutika katika santuri iliyochakaa.

Kwa mtunzi aliyetiwa mbaroni kwa ajili ya maneno yake, hasara hiyo si ndogo. Neno moja likimezwa, fumbo zima hupotea. Santuri zake zilizo safi hazina budi kunakiliwa kikamilifu kungali mapema.