Kipchomber arap Koilegen: Orkoiyot wa Kwanza wa Wakipsigisi

Kipchomber arap Koilegen alitoka Nandi, katika ukoo wa Talai uliotoa orkoiyot, yaani kiongozi wa kiroho. Baba yake, Kimnyole arap Turukat, aliuawa na Wanandi wenyewe mwaka 1890. Mgogoro wa urithi ukazuka baina ya Kipchomber na nduguye, Koitalel arap Samoei. Aliposhindwa, mnamo 1895, Kipchomber alikimbilia kwa Wakipsigisi wa Kericho, nao wakamfanya orkoiyot wao wa kwanza.

Mgeni huyo hakuwa na kiti cha enzi wala jeshi. Alitabiri na kubariki, na neno lake likatiiwa. Kumwita mfalme ni kumzidishia. Kumwita mganga ni kumpunguzia. Mamlaka yake yalikaa katika imani ya watu, ndiyo maana Waingereza waliyahofu.

Mwaka 1914 walimhamishia Fort Hall, leo Murang'a, alikofariki mwaka 1916. Imani haikuzikwa naye. Mwaka 1934 ilitungwa sheria ya kuufukuza ukoo mzima wa Talai hadi Gwasi, kando ya Ziwa Victoria. Sheria hiyo iliwaita malaibon, neno la Kimaasai. Hivyo Watalai walinyang'anywa ardhi, na jina pia.