Marehemu Daktari Denis Burkitt na Uvimbe wa Taya

Huku kwetu Nguvumali malaria haihitaji kuelezwa. Lakini kwamba homa hiyo inahusika pia na kansa ya watoto, wengi hatujui. Aliyefungua njia ya kulijua jambo hilo ni mpasuaji mwenye jicho moja.

Denis Burkitt alizaliwa Enniskillen, Ireland, tarehe 28 Februari 1911. Akiwa na miaka 11 alipigwa jiwe, jicho la kuume likapotea. Alianza kusomea uhandisi huko Dublin, akauacha akashika udaktari. Wakati wa vita alifika Afrika Mashariki na jeshi, na mwaka 1946 akapata kazi Uganda, kwanza Lira, kisha hospitali ya Mulago, Kampala.

Mwaka 1957 Daktari Hugh Trowell alimwita amtazame mtoto wa miaka 5 ambaye taya zake zilikuwa zimevimba pande zote, juu na chini. Burkitt hakupata kuona jambo kama hilo. Baada ya wiki chache, akiwa Jinja, alichungulia dirishani akamwona binti mdogo na mama yake, uso umevimba vivyo hivyo. Mwingine angempa pole mama yule akaendelea na kazi. Yeye alirudi Mulago akafukua madaftari ya wagonjwa, akaona kuwa watoto wa namna hiyo mara nyingi walikuwa na uvimbe tumboni pia. Maradhi yaliyodhaniwa kuwa mbalimbali yalikuwa moja.

Ndipo akaanza kuuliza: wapi upo, na wapi haupo? Alituma picha na maswali kwa hospitali nyingi za Afrika. Kisha mwaka 1961, pamoja na madaktari Ted Williams na Clifford Nelson, alisafiri kwa gari kama kilomita 16,000, akipita Tanganyika na kushuka hadi kusini mwa bara. Sisi walimu tunapenda ramani, na ramani yake inastahili kutundikwa darasani: uvimbe ulikuwa mwingi penye joto na mvua, nao ulikosekana kwenye milima ya baridi. Yaani ulifuata malaria.

Mwaka 1964, katika vipande vya uvimbe vilivyopelekwa London kwa ndege, Epstein, Achong na Barr waliona kirusi kipya. Sababu ya ndani zaidi ilionekana mwaka 1982. Chembe za damu zinazotengeneza kinga hukata DNA yake kwa makusudi na kuiunga upya, ili zipate silaha za kupigana na maradhi. Ni kama fundi cherehani aliyekata nguo mbili kwa pamoja: akighafilika, hushona mkono wa hii kwenye ile. Katika uvimbe huu kinasaba kiitwacho MYC, chenye kuziamrisha chembe zizaliane, mara nyingi huhamishwa kutoka kromosomu ya 8 hadi ya 14, mahali ambapo hakinyamazi tena. Malaria ya mara kwa mara huzidisha kukata huko, na kirusi husaidia chembe iliyoharibika isife.

Mulago haikuwa na mashine ya kutibu kansa kwa mionzi, basi Burkitt alijaribu dawa. Nyuso zilizoharibika ziliweza kurudi hali yake kwa muda mfupi, na baadhi ya watoto walipona kabisa. Hata leo dawa ndizo tegemeo, na mtoto akiwahishwa hospitali tumaini ni kubwa.

Aliondoka Uganda mwaka 1966. Alifariki Uingereza tarehe 23 Machi 1993, akiwa na miaka 82.