Arthur Madan: Kutoka Oxford Hadi Kiungani

Mjini Oxford, nchini Uingereza, kando ya barabara ya Walton, limesimama tangu mwaka 1830 jengo la matbaa ya chuo kikuu. Matbaa hiyo ndiyo iliyotoa, mwaka 1903, kamusi ya Kiswahili na Kiingereza ya Arthur Cornwallis Madan. Wengi wetu jina lake tumelikuta tu katika kamusi ya mtu mwingine, tukalipita.

Madan alizaliwa mwaka 1846, akawa mwanazuoni wa Christ Church, Oxford. Angeweza kuzeekea maktabani. Badala yake alijiunga na Misheni ya Vyuo Vikuu, akaja Unguja. Askofu Edward Steere alipofariki mwaka 1882, Madan ndiye aliyekipitia upya na kukipanua kitabu chake cha sarufi, kikatoka mwaka 1884.

Ila kazi inayonifanya nimstahi zaidi ni ndogo kuliko kamusi. Huko Kiungani walisomeshwa vijana waliookolewa utumwani, watoto wa bara ambao Kiswahili hakikuwa lugha ya mama zao. Waliandika masimulizi ya maisha yao, naye Madan akayatafsiri na kuyachapisha mwaka 1887. Kabla ya kupanga maneno kwa alfabeti, basi, alikwisha kuyaona yakibeba uchungu wa watu.

Kamusi ya Kiingereza na Kiswahili ilitoka mwaka 1894, ile ya pili miaka tisa baadaye. Zote zilijengwa juu ya Kiunguja. Kiunguja kilipoteuliwa kuwa msingi wa Kiswahili sanifu, na Kamati ya Lugha kuundwa mwaka 1930, msingi wa kamusi ulikuwa tayari: kamusi za Frederick Johnson za mwaka 1939 zilisimama juu ya zile za Madan. Kimvita na Kiamu, lahaja zenye hazina kubwa ya ushairi, zikawekwa pembeni. Mwanafunzi atokaye Nanighi, kwenye kingo za Mto Tana, yu karibu zaidi na Lamu kuliko Unguja, lakini husahihishwa kwa kipimo cha Unguja. Lawama hiyo si ya Madan peke yake. Yeye aliandika alichokisikia alipoishi.

Baadaye aligeukia lugha za nchi iitwayo leo Zambia, akatoa mwaka 1908 vitabu vya Kilenje na Kilala-Lamba. Alifariki mwaka 1917, kabla Kiswahili hakijaitwa sanifu.